Aliyeanguka kwa Niaba ya Steringi

Wasomaji wetu wa makamo, hasa wale waliopanga foleni mlangoni pa Majestic, Vuga, hawana haja ya kuelezwa John Wayne alikuwa nani. Lakini tukiwauliza ni nani hasa aliyekuwa akiruka na kuanguka katika picha zile za makauboi, twachelea kwamba wengi watamtaja steringi mwenyewe. Mara nyingi jina lililostahili kutajwa ni Yakima Canutt.

Bwana huyu alizaliwa mwaka 1895 karibu na Colfax, jimbo la Washington, Marekani. Alikuwa bingwa wa kupanda farasi wakali kabla ya kuingia katika picha zisizo na sauti, na humo alikuwa steringi kamili. Kilichomshusha ni koo. Homa kuu ya mafua ya 1918, iliyompata akiwa katika jeshi la majini, ilimwachia sauti ya kukwaruza, na picha zilipoanza kusema akaonekana hafai. Alikubali kuwa jambazi wa kupigwa ngumi, na kushika nafasi ya steringi kila palipokuwa na hatari.

Mwaka 1939, katika Stagecoach, alivaa kama Mwapache. (Waapache wana lao la kusema juu ya picha hizo, nasi tu upande wao, lakini hilo ni la siku nyingine.) Aliruka kutoka farasi wake hadi kwa farasi wa mbele waliokuwa wakivuta gari la abiria. Akajifanya amepigwa risasi, akadondoka katikati yao, akaburutwa ardhini huku ameshikilia mti wa gari, kisha akaachia. Farasi na gari zima vikapita juu yake. Watazamaji waliita ushujaa. Kwake ilikuwa hesabu. Alitaka farasi wakimbie kasi kabisa, kwani farasi anayekwenda kasi hunyooka, na anayekwenda polepole huyumba. Mwaka huohuo, katika Gone with the Wind, alimwendeshea Clark Gable gari la farasi penye moto wa Atlanta, na katika picha hiyohiyo akawa yule mhalifu anayemvamia bibie darajani.

Alipokuwa mtu mzima aliwafundisha wengine. Mashindano ya magari ya farasi katika Ben-Hur, picha iliyotolewa mwaka 1959, aliyaongoza pamoja na Andrew Marton huko Roma, na mwanawe Joe ndiye aliyeshika hatamu badala ya Charlton Heston penye hatari. Joe alirushwa juu mbele ya gari lake, akajivuta na kurudi akiwa na jeraha la kidevu tu. Tukio hilo halikukusudiwa, lakini limo ndani ya picha.

Tunalomsifia zaidi halionekani kwenye pazia. Alitengeneza kikuku kilicho wazi upande mmoja, ili mguu wa mpanda farasi usinase anapoanguka. Haki yatutaka tuseme pia kwamba alitumia ule waya wa kuwakwaa farasi miguu ya mbele, uliowavunja na kuwaua wengi. Baada ya kelele za wananchi, chama cha kutetea wanyama kilipewa usimamizi Hollywood mwaka 1940. Canutt mwenyewe alipewa Oscar ya heshima mwaka 1967, kwa kazi yake na kwa vifaa vyake vya usalama. Akafariki mwaka 1986. Ama tuzo ya kila mwaka kwa kazi hii, ilitangazwa mwaka 2025 tu, na itahusu picha za kuanzia 2027.

Kwa nini tuyaandike haya hapa? Kwa sababu visiwani mwetu nako hufika watu wenye kamera, na vijana wanaojirusha baharini pale Forodhani ni wepesi wa kuitwa na wepesi wa kukubali. Twamwomba mwenye dhamana ya vibali vya picha, kabla ya kugonga muhuri, aulize kwa maandishi: kijana huyu akivunjika mguu, nani atalipa hospitali, nani atawalisha watu wa nyumbani kwake hadi apone, na jina lake litaandikwa wapi katika picha hiyo?