Kutoka Bahasha Hadi Mtandao: Mafunzo ya Mfanyakazi Katika Biashara ya Video

1. Utangulizi

Tarehe 29 Septemba 2023 kampuni ya Netflix ya Marekani ilituma diski zake za mwisho za filamu kwa njia ya posta. Kazi hiyo ilikuwa imeanza mwaka 1998, na katika muda wa miaka 25 zilitumwa diski zaidi ya bilioni 5, zikiwa katika bahasha nyekundu zilizozoeleka katika nyumba nyingi za nchi hiyo. Kwa mtazamaji badiliko hilo halikuwa zito. Filamu iliyokuwa ikimfikia kwa bahasha sasa inamfikia kwa mtandao, na haimlazimu kuirudisha. Lakini kwa mtu aliyekuwa akipata riziki yake kwa kufungua bahasha hizo, lililokoma si zoea tu bali kazi.

Makala hii inakusudia kueleza namna ujuzi wa wafanyakazi unavyobadilika pale biashara ya video inapohama kutoka diski na madishi kwenda kwenye mtandao. Tutatazama kwanza maana ya mafunzo yanayohitajika, kisha kazi zenyewe, halafu namna kampuni mbili za Marekani zilivyolikabili jambo hili. Mwishoni tutauliza mafunzo yanayomfaa mfanyakazi hutambulikana kwa alama gani.

2. Mafunzo ya aina mbili

Yafaa kutofautisha mambo mawili ambayo mara nyingi huchanganywa. La kwanza ni kuendeleza ujuzi. Mfanyakazi hubaki katika kazi yake, ila hufundishwa kuifanya kwa vyombo vipya au kwa kiwango cha juu zaidi. Mhariri wa filamu aliyezoea kukata na kuunganisha mkanda, akafundishwa kuhariri kwa kompyuta, ameendelezwa. La pili ni kufundishwa upya. Hapa kazi yenyewe inaondoka, na mfanyakazi huandaliwa kwa kazi nyingine. Fundi wa kufunga madishi akifundishwa kuandika programu za kompyuta, huyo amefundishwa upya.

Tofauti hii si ya maneno tu. Kumwendeleza mtu huhitaji wiki au miezi michache, na mara nyingi huweza kufanyika huku kazi ikiendelea. Kumfundisha upya huhitaji muda mrefu, gharama kubwa, na zaidi ya yote huhitaji uhakika kwamba kazi anayoandaliwa ipo. Mwajiri anayeahidi la pili huku akitoa la kwanza, hata kama hakukusudia, amewadanganya watu wake.

3. Kazi ya zamani na kazi mpya

Katika ghala za Netflix, ambazo wakati wa kilele cha biashara hiyo zilikuwa zaidi ya 50, mfanyakazi alifungua bahasha iliyorudishwa, akaitazama diski kama ina mikwaruzo au ufa, akaisafisha, akahakikisha kwamba ndiyo iliyoandikwa kwenye mfuko wake, kisha ikapangwa kwenda kwa mteja mwingine. Sehemu kubwa ya kazi hiyo ilikuja kufanywa na mashine. Ghala zenyewe zilitawanywa nchini kwa sababu maalumu: diski iliyo karibu na mteja humfikia kesho, na iliyo mbali humfikia baada ya siku kadhaa.

Mwaka 2007 kampuni ilianza kutiririsha video kwa mtandao. Katika utaratibu huo filamu haitumwi nzima. Kwanza hubanwa kwa kompyuta ili ichukue nafasi ndogo, tena kwa viwango mbalimbali vya ubora. Kisha hugawanywa katika vipande vya sekunde chache chache. Chombo cha mtazamaji huomba kipande kimoja baada ya kingine, na mtandao ukidhoofika huomba vipande vyepesi zaidi ili picha isisimame. Ndiyo maana picha huweza kufifia kwa muda kisha ikarudia ung'avu wake.

Kazi hii huhitaji watu wa namna nyingine: wahandisi wa kubana picha, waandishi wa programu, wasimamizi wa seva, wachambuzi wa takwimu, watafsiri wa maandishi yaonekanayo chini ya picha. Hata hivyo, mtu akichunguza kwa makini ataona kwamba misingi haikubadilika kama vyombo vilivyobadilika. Mwaka 2012 Netflix ilitangaza mpango uitwao Open Connect, ambao kwao seva zenye nakala za filamu huwekwa ndani ya majengo ya kampuni za intaneti, karibu na watazamaji. Seva hizo hujazwa saa ambazo watu wachache wanatazama, kwa kukisia ni filamu zipi zitakazotakiwa kesho. Je, hii si ghala? Ni kanuni ile ile ya bahasha: weka nakala karibu na mteja, jua mapema atataka nini, wala usingoje foleni ijae ndipo uanze kupanga.

Hapa ndipo penye fundisho la kwanza. Mfanyakazi wa kazi ya zamani si chombo kitupu kinachongoja kujazwa. Aliyezoea kupeleka diski anajua maana ya kuchelewa, na fundi wa televisheni ana jicho la kutambua picha mbovu na sikio la kutambua sauti isiyolingana na midomo. Mafunzo yanayoanza kwa kuuliza mtu anajua nini tayari huwa mafupi na yenye heshima kuliko yale yanayoanza kana kwamba hajui lolote.

4. Kujifunza ndani ya kazi

Mwezi Agosti 2008 hifadhidata kuu ya Netflix iliharibika, na kwa siku tatu kampuni haikuweza kutuma diski kwa wateja wake. Tukio hilo liliwafanya viongozi waamue kuacha kutegemea mitambo yao michache mikubwa na kuhamia kwenye kompyuta za kukodi za kampuni ya Amazon, zile ambazo watu huziita wingu. Uhamisho huo ulichukua takriban miaka 7, ukakamilika Januari 2016.

Kwa nini ulichukua muda mrefu hivyo? Sababu moja ni kwamba kampuni haikuhamisha mitambo kama ilivyokuwa, bali iliijenga karibu yote upya, na waliokuwa wakiijenga walilazimika kubadilika pamoja nayo. Mhandisi aliyefundishwa kuulinda mtambo mmoja usianguke kamwe, sasa alipaswa kufikiri kinyume: kuchukulia kwamba kila kompyuta itaanguka siku moja, na kupanga mambo ili mtazamaji asitambue. Wazo la namna hii halifundishwi vizuri ubaoni. Kwa hiyo wahandisi walitunga programu waliyoiita Chaos Monkey, ambayo kazi yake ni kuzima seva ovyo ovyo katika saa za kazi, wakati wahandisi wapo na wanaweza kurekebisha. Waliieleza hadharani mwaka 2011, na mwaka 2012 wakairuhusu itumiwe na yeyote.

Tuangalie jambo lililomo humo. Somo lilitolewa wakati wa kazi, kwa mshahara wa kazi, juu ya kazi yenyewe. Aliyekosea hakufukuzwa kwa kosa ambalo lilikuwa sehemu ya somo. Haya ndiyo mafunzo kazini kwa maana kamili.

5. Waajiri wawili

Lakini ingekuwa kosa kudhani kwamba kampuni hiyo iliona ni wajibu wake kumfundisha kila mtu. Patty McCord, aliyeongoza idara yake ya watumishi hadi mwaka 2012, aliandika waziwazi mwaka 2014 juu ya mtunza hesabu mmoja, mwanamke mchapakazi na mwaminifu. Kampuni ilipoanza kuuza hisa zake kwa umma mwaka 2002, ilihitaji wahasibu wenye vyeti na uzoefu wa kampuni kubwa, naye hakuwa navyo. Uamuzi ulikuwa kumpa kiinua mgongo kizuri na kuachana naye kwa heshima. Msimamo huo una ukweli wake: mtu haahidiwi kazi isiyokuwapo. Lakini maana yake ni kwamba gharama ya kujifunza inabebwa na mwingine, yaani mfanyakazi mwenyewe, au chuo kilichomfundisha mtu anayechukua nafasi yake.

Kampuni ya simu ya AT&T ilichagua njia nyingine. Ilikuwa imeingia katika biashara ya televisheni, na mwaka 2015 iliinunua DirecTV, iliyotegemea madishi na mafundi wa kuyafunga juu ya mapaa. Mwishoni mwa mwaka 2016 ilianza pia kutiririsha vipindi kwa mtandao, ambako fundi wa dishi hahitajiki. Kabla ya hapo, mwaka 2013, viongozi wake walikwisha kukadiria kwamba wafanyakazi wapatao 100,000 walikuwa katika kazi za mitambo ambazo huenda zisingehitajika baada ya miaka kumi. Kampuni iliamua kuwafundisha, kwa mpango ambao gharama yake ilitajwa kuwa dola bilioni 1. Ilisaidia pia kuanzisha shahada ya uzamili ya sayansi ya kompyuta ya chuo cha Georgia Tech, inayosomwa kwa mtandao tangu Januari 2014 kwa ada isiyofika dola 7,000 wakati huo.

Mpango huo unastahili kusifiwa, lakini haukosi maswali. Mwaka 2016 mkuu wa kampuni, Randall Stephenson, alieleza kwamba mfanyakazi asiyetumia saa 5 hadi 10 kila wiki kujifunza atapitwa na wakati. Saa hizo kwa sehemu kubwa zilikuwa za mfanyakazi mwenyewe, baada ya kazi. Kijana asiye na familia huweza kuzipata. Mama mwenye watoto watatu, au mzee wa miaka 55 aliyeshinda juu ya ngazi mchana kutwa, atazitoa wapi? Zaidi ya hayo, idadi ya wafanyakazi wa AT&T ilishuka kutoka takriban 268,000 mwishoni mwa mwaka 2018 hadi takriban 161,000 mwishoni mwa mwaka 2022. Sehemu ya upungufu huo ilitokana na kuziachia DirecTV na kampuni za filamu ilizokuwa imezinunua, na sehemu ilitokana na kupunguza watu. Cheti, basi, hakikuwa hati ya kubaki kazini.

6. Alama tatu za mafunzo ya kweli

Kutokana na mifano hii twaweza kutaja alama tatu.

Kwanza, mafunzo huja mapema. Wahandisi wa Netflix walijifunza mtambo mpya wakati ule wa zamani ukiwa bado unaleta mapato. Kwa upande wa diski, ghala ziliendelea kufungwa mwaka hadi mwaka, hata zikabaki 5 tu mwaka 2023. Mafunzo yanayotangazwa pamoja na barua ya kuachishwa kazi ni faraja, wala si maandalizi.

Pili, muda wa kujifunza huhesabiwa kuwa muda wa kazi. Ikiwa kampuni ndiyo itakayovuna ujuzi, si haki mfanyakazi peke yake apande mbegu kwa usingizi wake.

Tatu, mwisho wa mafunzo pana kazi inayojulikana. Mwajiri hawezi kuahidi kazi ya maisha, lakini anaweza kueleza kwa ukweli nafasi ni ngapi, zinahitaji nini, na zitafunguliwa lini. Asipoweza kueleza hayo, aseme wazi kwamba anatoa elimu tu, ili mtu apange maisha yake akijua.

7. Jambo hili nasi

Msomaji aweza kusema kwamba mambo haya ni ya mbali. Si ya mbali sana. Tarehe 6 Januari 2016 Netflix ilifungua huduma zake katika nchi 130 zaidi kwa siku moja, zikiwamo Kenya, Uganda na Tanzania. Kabla ya hapo, tarehe 31 Desemba 2012, mitambo ya televisheni ya analojia ilizimwa Dar es Salaam, na mafundi wa vituo vyetu walilazimika kujifunza ya dijitali. Mwaka 2021 UNESCO ilikadiria kwamba kazi za filamu na video barani Afrika zinaajiri watu milioni 5, na kwamba zaweza kuajiri milioni 20. Idadi hiyo haitafikiwa kwa vipaji peke yake. Itategemea kama mpiga picha za harusi, fundi wa redio na mtafsiri wa Kiswahili watapata mahali pa kuuendeleza ujuzi walio nao.

8. Hitimisho

Tumeona kwamba katika biashara ya video vyombo hubadilika upesi, kanuni hubadilika polepole, na watu hubadilika kwa kadiri wanavyopewa muda. Wahenga walisema samaki mkunje angali mbichi. Methali hiyo huelekezwa kwa wazazi, lakini yawafaa waajiri pia, na hapa kinachokauka si mfanyakazi, ambaye aweza kujifunza hata uzeeni, bali ni wakati. Swali linalomkabili kila mwenye mamlaka juu ya kazi za wengine ni hili: kabla bahasha ya mwisho haijafungwa, je, amewaeleza ukweli walio mezani wakizipanga, na amewapa saa za kujiandaa?