Mizani, Mkazo na Mwitikio: Kazi ya X Plastaz wa Arusha

Mkoa wa Singida ni mahali pachache Afrika ambapo lugha za asili mbalimbali kabisa hupakana. Kinyaturu, Kinyiramba na Kinyisanzu ni lugha za Kibantu. Wataturu husema lugha ya Kiniloti. Nao Wahadzabe, walio katika wilaya ya Mkalama kuelekea Ziwa Eyasi, wana lugha ambayo wataalamu hawajaithibitishia ndugu yeyote. Kiswahili ndicho kiwaunganishacho hao wote. Kwa hiyo kijana wa Singida atungapo wimbo wa kufokafoka kwa Kiswahili, hukabiliwa na swali: je, lugha ya nyumbani inaweza kuingia katika wimbo huo na kufanya kazi ndani yake, au itakuwa pambo tu?

Swali hilo limekwisha kujaribiwa kaskazini ya Singida, kwenye mwisho wa barabara ipitayo Katesh na Babati hadi Arusha. Huko, katikati ya miaka ya 1990, liliundwa kundi la X Plastaz. Miongoni mwa watu wake walikuwa Nelson Buchard, aliyejulikana kwa jina la Faza Nelly, Gsan, Ziggy, na Merege, Mmaasai aliyeimba kwa lugha yake na kwa namna ya kwao.

Wakati huo kufokafoka kulikuwa kumekwisha kufika Tanzania. Sanaa hiyo ilianza mtaa wa Bronx, New York, katika miaka ya 1970. Mwaka 1991 Saleh Jabir alionyesha ya kuwa maneno ya Kiswahili yaweza kukaa juu ya mapigo ya Kimarekani, na mwaka 1993 likaundwa kundi la Kwanza Unit. Redio za watu binafsi zilipofunguliwa katika miaka hiyo, nyimbo hizo zilipata wasikilizaji wengi, lakini studio, redio na wauzaji wa kanda karibu wote walikuwa Dar es Salaam. Mtungaji wa Arusha alikuwa mbali na soko, na X Plastaz walijitafutia njia yao wenyewe. Kwa msaada wa marafiki wa Uholanzi walizuru Ulaya, na mwaka 2004 sahani yao, *Maasai Hip Hop*, ilitolewa na OutHere Records ya Munich, Ujerumani.

Ili kuifahamu kazi yao yafaa kwanza kuitazama tofauti iliyopo kati ya shairi na wimbo wa kufokafoka. Amri Abedi, katika kitabu chake cha mwaka 1954 kuhusu sheria za kutunga mashairi, aliweka vina na mizani kuwa nguzo za utungo. Mizani ni hesabu ya silabi: mstari wa shairi la kawaida una kumi na sita, nao hukatwa katikati. Kina, kwa desturi, ni silabi ya mwisho peke yake. Hivyo *mkate*, *kete* na *wote* ni vina vilivyo sawa.

Mfokaji hahesabu silabi. Huhesabu mapigo, na kwa kawaida mstari wake una manne. Silabi ziangukazo baina ya pigo na pigo zaweza kuwa mbili au sita, mradi silabi yenye mkazo ikutane na pigo lake. Hapa sarufi ya Kiswahili huingia kazini. Mkazo wa Kiswahili hukaa kwenye silabi ya pili kutoka mwisho, nao huhama neno linaporefuka. Katika *kazi* mkazo uko juu ya *ka*. Katika *kazini* umehamia *zi*. Katika *mfanyakazi* umerudi juu ya *ka*, na silabi tatu zilizotangulia hazina budi kuharakishwa ili pigo lisipite. Kwa sababu hiyo hiyo kina cha mfokaji huanzia kwenye mkazo: *mkate* hutaka *apate*, wala hauridhiki na *wote*. Na kwa kuwa vitenzi vingi huishia kwa *-ana*, *-wa* au *-isha*, kina cha mnyambuliko ni rahisi mno, na msikilizaji mzoefu hukidharau, kama vile malenga wa zamani walivyokidharau.

Wimbo wa Kimaasai una utaratibu mwingine. Kwa desturi hauna ngoma. Kiongozi, aitwaye *olaranyani*, huanzisha wimbo, na wenzake huitikia kwa sauti nzito zirudiwazo tena na tena, na kwa mihemo ya kifua. Zaidi ya hayo, Kimaasai ni lugha ya toni: mtenda na mtendwa hutofautishwa kwa kupanda au kushuka kwa sauti katika jina, si kwa mahali pake katika sentensi. Mwimbaji wa Kimaasai, basi, hawezi kuichukua sauti popote apendapo bila kujali maana, hali mfokaji wa Kiswahili yu huru katika kupandisha na kushusha, ila amefungwa na mkazo.

Hapo ndipo thamani ya kazi ya X Plastaz ilipo. Mwitikio wa Kimaasai, kwa kuwa hurudi bila kubadilika, huweza kushika mahali pa mapigo ya mashine. Huwa sakafu ambayo maneno ya Kiswahili hutembea juu yake. Lugha hizo mbili hugawana kazi: moja hushika mwendo na sauti, ya pili hushika habari na hoja. Aliyeona shuka jekundu la Merege akadhani ni vazi la kuwapendeza watalii aliangalia kwa macho, hakusikiliza kwa masikio.

Hata hivyo kujitegemea kulikuwa na gharama yake. Sahani iliyotolewa Ujerumani ilinunuliwa na wengi wasiojua Kiswahili wala Kimaasai. Wao walisikia sauti, lakini habari za maisha ya vijana wa Arusha, zilizo kiini cha maneno, ziliwapita. Mwaka 2006 Faza Nelly alifariki, na kundi likapoteza mmoja wa nguzo zake. Mwaka 2009 Gsan alifoka kwa Kiswahili katika tuzo za hip hop za BET nchini Marekani, pamoja na watungaji wa huko. Lugha ilikuwa imefika mbali, lakini tena mbele ya watu wasioifahamu.

Mabishano ya miaka ya 1970 juu ya mashairi yasiyo na vina, yaliyochochewa na *Kichomi* cha Euphrase Kezilahabi cha mwaka 1974, yalihusu kama utungo waweza kuacha mizani ukabaki shairi. Wafokaji hawakuiacha mizani. Waliihamisha kutoka silabi kwenda mkazo. Badiliko hilo lastahili kuandikwa katika vitabu vya arudhi ya Kiswahili. Na kwa mtungaji wa Singida, ambaye Kinyaturu chake nacho ni lugha ya toni, jibu la Arusha ni hili: lugha ya nyumbani haitakuwa pambo iwapo itapewa kazi ambayo Kiswahili hakiifanyi.