Saa ya Prague: Kwa nini fundi wake anasimuliwa kuwa alipofushwa?

KATIKA jiji la Prague, Jamhuri ya Czech, wazee wamewasimulia wajukuu zao kwa vizazi vingi habari za fundi aliyeufunga wakati ndani ya mnara, kisha akalipwa kwa kunyang'anywa nuru ya macho yake.

Fundi huyo wanamwita Hanuš. Yasemekana kwamba alipomaliza kuijenga saa ya ajabu ukutani mwa jengo la baraza la mji mkongwe, wakuu wa mji waliingiwa na hofu kuwa angekwenda kujenga nyingine kama hiyo kwingineko. Usiku mmoja wakawatuma watu wakamtoboa macho kwa chuma cha moto.

Hadithi inaendelea kusema kuwa Hanuš, akiwa kipofu na karibu na kifo, aliomba aongozwe hadi kwenye mitambo ya saa yake. Akaingiza mkono baina ya magurudumu, na saa ikanyamaza. Kwa miaka mingi hakupatikana mtu wa kuitengeneza.

Simulizi hiyo ilipata nguvu mpya mwaka 1894, mwandishi Alois Jirásek alipoijumuisha katika kitabu chake cha visa vya kale vya taifa hilo.

Je, ni kweli? Hapana. Hati ya Oktoba 9, 1410, ambayo wanahistoria waliitambua katika miaka ya 1960, inamtaja fundi halisi kuwa ni Mikuláš wa mji wa Kadaň. Wanazuoni wanaamini kuwa hesabu za falaki zilifanywa na Jan Šindel, mwalimu wa Chuo Kikuu cha Prague. Hanuš alikuwapo, lakini aliishi miongo mingi baadaye. Mwaka 1570 Jan Táborský, aliyekuwa akiitunza saa hiyo, aliandika kuwa ni kazi ya Hanuš, na kosa hilo likadumu kwa karibu miaka 400.

Hivyo basi, aliyedhulumiwa kweli si Hanuš, bali Mikuláš. Yeye hakutobolewa macho, alisahauliwa jina.

Hata hivyo, ukiitazama kazi yenyewe utaelewa kwa nini watu waliihusisha na miujiza. Saa hiyo haionyeshi wakati wa aina moja pekee. Katika uso wake mmoja mmepangwa hesabu kadhaa za wakati, pamoja na mahali lilipo jua na hali ya mwezi.

Hesabu mojawapo hugawa mchana katika saa 12, tangu jua linapochomoza hadi linapozama. Kwa kuwa katika nchi za kaskazini mchana hurefuka wakati wa kiangazi na kufupika wakati wa baridi, saa zenyewe nazo hurefuka na kufupika. Mjini Prague, saa moja ya hesabu hiyo huwa na takriban dakika 82 mwezi Juni, na dakika 40 hivi mwezi Desemba.

Hesabu nyingine, iliyotumiwa na Wacheki wa kale, itamshangaza msomaji wa Kiswahili kwa jinsi inavyofanana na yetu. Wao waliianza siku jua linapozama, wakahesabu saa hadi 24. Saa moja baada ya machweo, Mcheki wa mwaka 1410 angesema ni saa ya kwanza, nasi twasema ni saa moja usiku.

Tofauti imo katika jua. Huku kwetu karibu na Ikweta, machweo hayasogei sana mwaka mzima. Kule yanasogea kwa saa kadhaa, na kwa sababu hiyo pete ya nje ya saa hiyo, iliyoandikwa tarakimu za kale, huzungushwa polepole kwenda na kurudi ili kulifuata jua.

Kisa cha fundi kudhulumiwa na aliyemwajiri si cha Prague pekee. Warusi husimulia hivyo hivyo kuhusu mjenzi wa Kanisa la Mtakatifu Basil mjini Moscow. Waarabu nao wana methali ya malipo ya Sinimmar, mjenzi aliyerushwa kutoka juu ya kasri alilolijenga mwenyewe. Waswahili tumeyafupisha yote hayo kwa kusema kuwa shukrani ya punda ni mateke.

Maisha ya saa yenyewe hayakukosa misukosuko. Mara nyingi ilisimama, na katika karne ya 18 ilinusurika kutupwa kama chuma chakavu. Mei 8, 1945, siku za mwisho za vita barani Ulaya, jengo lilishambuliwa na majeshi ya Ujerumani, na sanamu za mitume zikateketea. Saa ilirejea kazini mwaka 1948, na mwaka 2018 ikafanyiwa ukarabati mkubwa.

Leo umati hukusanyika chini yake kila saa ya mchana. Kiunzi cha mifupa huvuta kamba ya kengele, mitume 12 hupita madirishani, na jogoo wa dhahabu huwika. Wengi huondoka wakilitaja jina la Hanuš. Ni haki Mikuláš naye akatajwa.