Mtengenezaji Sinema wa Picha za Watu Wengine

Kwa desturi mtengenezaji sinema husifiwa kwa picha alizopiga mwenyewe. Péter Forgács wa Hungaria amepata sifa kwa picha walizopiga watu wengine, ambao wengi wao walikuwa wamekwisha kuzikwa alipozipata. Hawakuwa mastadi. Walikuwa watu wenye kamera ndogo za nyumbani, waliopiga picha za arusi, za watoto wakiogeshwa na za matembezi ya Jumapili, kisha wakaiweka mikanda kabatini.

Forgács alizaliwa Budapest mwaka wa 1950. Mwishoni mwa miaka ya 1970 alishirikiana na kikundi cha wanamuziki kilichoitwa Group 180, na mwaka wa 1983 akaanzisha hifadhi ya picha na sinema za watu binafsi. Siku hizo Hungaria ilitawaliwa na chama kimoja, na historia iliyosimuliwa hadharani ilikuwa ile iliyopendwa na wakubwa. Lakini mikanda ya nyumbani haikuwa imepita mbele ya mkaguzi yeyote. Kutokana na mikanda hiyo alianza, mwaka wa 1988, mfululizo wa sinema alioupa jina la Hungaria ya Faragha, wa kwanza ukihusu jamaa ya Bartos.

Namna yake ya kazi ni ya subira. Hupunguza mwendo wa picha, huusimamisha uso wa mtu, huandika jina na mwaka, kisha huuachia muziki wa Tibor Szemző nafasi. Katika sinema yake ya 1996 juu ya György Pető, Myahudi wa mji wa Szeged, sheria za kuwabagua Wayahudi zinaimbwa huku tukiwaona watu wakicheka na kuogelea.

Iliyonigusa mimi zaidi ni Maelstrom, ya mwaka wa 1997. Humo tunaifuata jamaa ya Peereboom, Wayahudi wa Uholanzi, kwa picha alizopiga kijana wao Max. Kando yake Forgács ameweka sinema za nyumbani za Seyss-Inquart, gavana wa Hitler katika nchi hiyo, naye akistarehe na jamaa yake. Kisha inafika mwaka wa 1942. Jamaa ya Max wameketi nyumbani, wanashona na kufungasha nguo za safari. Wao wanadhani wanakwenda kambi ya kazi. Mimi mtazamaji najua kwamba Max, mkewe Annie na watoto wao watauawa Auschwitz. Hakuna damu wala bunduki katika picha ile, ila sindano na uzi tu, na bado sikuweza kuondoa macho.

Wako watakaouliza: je, ni haki kuyaanika mambo ya nyumbani ya watu ambao hawawezi tena kukubali wala kukataa? Swali hilo si la kupuuzwa, kwani Max hakuwapigia picha wageni kama sisi. Hata hivyo, waliowaua walikusudia pasibaki hata jina. Forgács amewarudishia majina, na hakuwafanyia mzaha.

Wala hakuchagua huzuni ya upande mmoja. Sinema yake ya 1998 juu ya mto Danube imetokana na mikanda ya nahodha Nándor Andrásovits. Mwaka wa 1939 meli yake iliwachukua Wayahudi waliokimbia kuelekea Bahari Nyeusi, na mwaka wa 1940 ikawachukua Wajerumani waliohama Bessarabia baada ya Warusi kuitwaa. Mto ni uleule, sitaha ileile, na kila abiria ana mzigo wake.

Mwaka wa 2007 Forgács alitunukiwa Tuzo ya Erasmus huko Uholanzi, nchi ya akina Peereboom. Kwa maoni yangu alistahili. Wafalme na majemadari hawakosi wa kuwaandika. Mama anayeshona koti la mtoto jioni ya mwisho hana mwandishi, isipokuwa mumewe awe ameshika kamera, na mtu mwingine, miaka mingi baadaye, akatae mkanda ule utupwe.