MGENI ASIYETAKA JEMBE

Wahenga wetu walisema: mgeni siku mbili, siku ya tatu mpe jembe. Hawakukusudia kumfukuza mgeni. Walikusudia kwamba alaye chakula cha kaya yampasa kutia mkono katika shamba la kaya hiyo. Leo twapenda kuwaeleza wasomaji wetu habari za nchi moja ya mbali, ambayo mgeni wake alikula siku mbili, akala ya tatu, akala mwaka mzima, na jembe hakulishika.

Nchi hiyo ni utemi wa Saturiwa, uliokuwa mlangoni pa mto ambao leo huitwa St. Johns, katika jimbo la Florida, Marekani. Mji mkubwa wa Jacksonville umesimama sasa juu ya ardhi hiyo. Vitabu vingi hupenda kuianza historia ya Marekani kwa Waingereza waliotua Virginia mwaka 1607. Lakini zaidi ya miaka 40 kabla ya hapo, watu wa Saturiwa walikwisha kuwaona Wafaransa, Waingereza na Wahispania wakija, mmoja baada ya mwingine, na kila mmoja na haja yake.

Watu wa Saturiwa walikuwa sehemu ya watu waliokuja kuitwa Watimucua. Hawa walikaa kaskazini ya Florida na kusini ya nchi iitwayo sasa Georgia. Lugha yao ilikuwa moja, yenye lahaja nyingi, lakini hawakuwa na serikali moja. Waligawanyika katika temi nyingi, na baadhi ya wanahistoria hukadiria kwamba wote pamoja walifikia watu 200,000. Walilima mahindi, maharagwe na maboga, wakatega samaki kwa uzio, wakaokota chaza kwa wingi hata makaka yake yakawa vilima ambavyo vingine vingaliko. Ukoo ulihesabiwa upande wa mama, na mtemi alirithiwa na mtoto wa dada yake. Mtemi Saturiwa mwenyewe alitajwa kuwa na watemi wadogo wapatao 30 chini ya mkono wake. Kwa hiyo asidhani mtu kwamba Wazungu walikuta pori tupu au watu wasio na sheria. Walikuta nchi yenye wenyewe.

Tarehe 1 Mei, 1562, Jean Ribault wa Ufaransa aliingia na merikebu zake katika mto huo. Akapokewa kwa heshima. Naye, kabla ya kuondoka, alisimamisha nguzo ya jiwe yenye nembo ya mfalme wake. Kwa desturi ya Wazungu wa wakati ule, nguzo ya namna hiyo ilikuwa na maana moja: nchi hii ni yetu. Wafaransa waliporudi mwaka 1564, wakiongozwa na René de Laudonnière, waliikuta nguzo ile imepambwa kwa mashada, na chini yake vikapu vya chakula. Wenyeji waliitunza kama kitu kitukufu, ukumbusho wa urafiki. Jiwe ni lile lile, lakini kwa mmoja lilikuwa hati ya kumiliki, na kwa mwingine lilikuwa agano.

Laudonnière alikuja na watu wapatao 300. Wengi walikuwa askari, mabaharia, mafundi na waungwana waliotafuta mali; wakulima walikuwa haba. Saturiwa aliwapa mahali pa kujenga, na watu wake wakasaidia kuezeka majengo kwa makuti. Hivyo ikasimama ngome ya pembe tatu, ikaitwa Fort Caroline kwa jina la mfalme wa Ufaransa, Charles wa Tisa. Baina ya Mfaransa na mtemi kulikuwa na ahadi: adui wa mmoja atakuwa adui wa mwingine.

Adui wa Saturiwa alikuwa Utina, mtemi mwenye nguvu aliyekaa juu ya mto. Hapa ndipo penye kiini cha habari yetu. Saturiwa alikuwa amempa Laudonnière zawadi ya kipande cha madini ya fedha. Mfaransa alipouliza kilikotoka, aliambiwa kwamba kilitoka juu ya mto, kwa maadui. Madini yale, kama wanavyoeleza wanahistoria, yalitokana na merikebu za Hispania zilizovunjika pwani. Florida haina machimbo ya fedha. Lakini tangu saa ile macho ya Wafaransa yakaelekea juu ya mto, kwa Utina, na ahadi waliyompa Saturiwa ikawa mzigo wanaotaka kuutua.

Saturiwa alipokusanya jeshi lake na kumtaka rafiki yake aje kama walivyoapizana, Laudonnière alitoa udhuru. Mtemi hakungoja. Alifanya tambiko la vita, akalielekea jua na kuyamwaga maji, akiomba damu ya adui imwagike vivyo hivyo. Kisha akaenda, akashinda, akarudi na mateka. Ndipo yule aliyekataa kwenda vitani alipodai mateka wa vita hiyo! Aliponyimwa, aliingia nyumbani kwa mtemi pamoja na askari wake wenye silaha, akawachukua kwa nguvu, akawarudisha kwa Utina ili ajipendekeze kwake. Baadaye askari wa Kifaransa walimsaidia Utina kumpiga jirani mwingine, mtemi wa Potano. Yaani katika miezi michache, bunduki moja ilikuwa imeahidiwa kwa watemi wawili, na kila mmoja alidhani ni yake.

Hata hivyo, bunduki hailiwi. Mwaka 1565 njaa iliingia ngomeni. Watu wa nchi hiyo walikuwa na utaratibu wao: baada ya mavuno waliweka akiba katika ghala, miezi ya baridi wakaenda mwituni kuwinda, na mwezi wa Machi wakarudi kupanda. Chakula kilitosha watu wanaolima na kuwinda. Hakikutosha mamia ya watu wasiolima kamwe, wanaongoja kuletewa. Ardhi ilikuwa chini ya miguu yao na mto wenye samaki ulipita mbele ya lango lao. Wenyeji walipoanza kuuza chakula kwa bei ya juu, hata Wafaransa wakavua mashati yao kulipia samaki, walinung'unika kwamba wanadhulumiwa. Mwisho wakafanya jambo la aibu. Walimteka Utina, yule yule rafiki yao mpya, wakamfunga, wakawaambia watu wake walete mahindi ndipo wampate mtemi wao. Watu wa Utina waliwavizia njiani, na Wafaransa wakarudi ngomeni na majeruhi wengi na chakula kidogo.

Mwezi wa Agosti mwaka huo ikatokea merikebu ya John Hawkins, Mwingereza, akawauzia Wafaransa chombo na vyakula. Twapenda msomaji ajue huyu Hawkins alikuwa akitoka wapi. Alikuwa amewachukua Waafrika katika pwani ya Guinea, akawavusha bahari na kuwauza utumwani katika makoloni ya Hispania, kisha akapita Florida akielekea kwao. Basi katika mto wa Saturiwa njia mbili za dhuluma zilikutana: ile ya kuwanyang'anya watu nchi yao, na ile ya kuwanyang'anya watu nafsi zao.

Wiki chache baadaye Ribault alifika na watu zaidi, lakini mfalme wa Hispania alikuwa amekwisha kumtuma Pedro Menéndez de Avilés kuwafukuza. Menéndez alitua katika kijiji cha Seloy, ambaye mtemi wake alikuwa upande wa Saturiwa. Wahispania walipewa nyumba kubwa ya kijiji; wao wakaizungushia handaki na kuifanya ngome. Ndivyo ulivyoanza mji wa St. Augustine, mwezi wa Septemba, 1565. Tarehe 20 ya mwezi huo waliishambulia Fort Caroline kukiwa na mvua kubwa, wakaua watu zaidi ya 100. Ribault na wenzake, ambao merikebu zao zilivunjwa na tufani, waliuawa baadaye ufukoni, na mahali hapo pangali huitwa Matanzas, maana yake mauaji.

Saturiwa hakukubali. Vita vya wenyeji viliwalazimisha Wahispania mwaka 1566 kuhama Seloy na kujificha kisiwani. Mwezi wa Aprili, 1568, alipokuja Mfaransa Dominique de Gourgues kulipiza kisasi, watu wa Saturiwa walikwenda naye bega kwa bega, wakaiteka na kuiteketeza ngome ile, ambayo Wahispania walikuwa wameiita San Mateo. Ulikuwa ushindi mkubwa. Lakini Gourgues alikuwa amekuja kwa kisasi cha Ufaransa, na alipokipata alitweka tanga akaenda zake. Mtemi alibaki peke yake na adui yule yule, na baada ya vita hiyo jina lake latoweka katika maandishi.

Yaliyofuata ni habari ya kazi na mizigo, nayo yawahusu wafanyakazi kuliko watu wengine wote. Mapadre wa Kifransisko walijenga misheni zao, na mmoja wao, Francisco Pareja, alichapisha kitabu cha mafundisho katika lugha ya Timucua mwaka 1612. Wenyeji walijifunza kuiandika lugha yao, na barua waliyompelekea mfalme wa Hispania mwaka 1688 yasomeka hata leo. Lakini pamoja na misheni ilikuja amri ya kutoa watu wa kazi. Wanaume walilima mashamba ya Wahispania, wakabeba mahindi migongoni kutoka nchi ya Apalachee hadi St. Augustine, safari ya zaidi ya kilomita 300. Mgeni aliyekataa jembe sasa alimtwisha mwenyeji mzigo. Maradhi mapya kutoka Ulaya nayo yalifagia vijiji. Kati ya mwaka 1613 na 1617 yaliua karibu nusu ya watu wa misheni.

Mwaka 1656, Gavana Diego de Rebolledo aliwaita watu vitani, akaamuru kila mmoja, hata watemi, abebe mahindi yake mwenyewe. Mtemi Lucas Menéndez alikataa, akaongoza maasi. Gavana akapeleka askari wake pamoja na mamia ya Waapalachee, majirani wa waasi, na viongozi kadhaa wakanyongwa. Baadaye Waingereza wa Carolina na washirika wao wakaja kuwateka waliosalia na kuwauza utumwani. Kufikia mwaka 1700 Watimucua walikuwa wamebaki kama 1,000. Mwaka 1763 Hispania ilipoiachia Uingereza Florida, mabaki ya watu wa misheni, wasiofika 100, walipakiwa pamoja na Wahispania kwenda Kuba.

Yafaa tuwe wa haki. Hakuna umoja ambao ungeyazuia maradhi yale, na Saturiwa hakuwa mjinga wala mwoga. Alitumia urafiki, biashara na vita, kila kimoja kwa wakati wake. Kosa lake lilikuwa kosa la Utina, na la Potano, na la Apalachee: kila mmoja alimwona jirani yake kuwa adui mkubwa, na mgeni kuwa silaha ya kumpigia. Hata jina Timucua latoa ushahidi. Asili yake ni neno ambalo watu wa Saturiwa waliwaitia wale wa Utina, maadui zao. Wazungu walilisikia, wakaliandika, kisha wakalitwika taifa zima. Leo wote wawili, Saturiwa na Utina, wamo katika vitabu chini ya jina la ugomvi wao.

Kumkaribisha mgeni ni uungwana, nasi hatusemi Saturiwa alikosa kwa kuwaezekea wageni makuti. Twasema kwamba jembe la siku ya tatu ndilo kipimo. Mgeni akilishika, ni ndugu. Akilikataa, wenye nchi na wakutane mapema, wote pamoja, kabla hajaenda kuwatembelea mmoja mmoja.