Wasinyang'anywe Simu

Kijana mwenye ulemavu wa akili akipatwa na matatizo ya kwanza kwenye WhatsApp au Facebook, familia nyingi hukata shauri siku hiyohiyo: simu inachukuliwa, laini inatolewa, na mambo yanaonekana yamekwisha. Hapa Kindu, mkoani Maniema nchini Kongo, simu ndiyo inayotuletea habari za ndugu walioko Kisangani, Goma na Kinshasa. Ndiyo benki ya wasio na benki, ndiyo redio, ndiyo albamu ya picha za harusi na za matanga. Kumwondolea mtu simu ni kumtoa katika mazungumzo ya ukoo wake. Wazazi wanaofanya hivyo hawana nia mbaya. Wanaogopa, na sababu ya kuogopa wanayo. Hata hivyo nashikilia kwamba kunyang'anya simu hakumlindi mtu huyo hata kidogo. Kinachomlinda ni kuwa na mtu wa kumuuliza, anayemwamini na asiyemgombeza, na kuzoezwa polepole kukataa anachokitilia shaka. Mazoezi hayo hayafanyiki kwa simu iliyofungiwa kabatini.

Tuelewane kwanza tunamzungumzia nani, maana mitaani watu hawa hutupwa kapu moja na wenye wazimu, au huitwa zoba na mambo yakaishia hapo. Ulemavu wa akili si ugonjwa unaokuja na kuondoka. Ni hali inayoanza utotoni, ambapo kujifunza, kukumbuka hatua za jambo na kupima nia ya mwingine kunamchukua mtu muda mrefu kuliko wenzake. Wengine huzaliwa nayo. Wengine huipata kwa uchungu wa uzazi uliokawia, kwa malaria iliyopanda kichwani, kwa homa ya uti wa mgongo. Jirani zetu wa Idjwi, kisiwa cha Ziwa Kivu, walifanyiwa uchunguzi na madaktari tangu miaka ya 1960 kwa sababu upungufu wa madini joto katika chakula ulikuwa unadumaza akili za watoto tangu tumboni. Laana ya ukoo haimo katika orodha hiyo. Uchambuzi wa tafiti nyingi za dunia uliochapishwa mwaka 2011 ulikadiria kuwa watu kama 10 katika kila 1,000 wana ulemavu huu, na kwamba katika nchi maskini ni zaidi. Ukijumlisha komuni za Kasuku, Mikelenge na Alunguli, hesabu hiyo inafika maelfu ya wakaaji wa mji huu, na wengi wao ni watu wazima wanaojua kabisa kubonyeza vokali, yaani ujumbe wa sauti, na kuisikiliza.

Sasa tutazame utapeli mmoja kwa karibu. Ujumbe unaingia ukisema fedha zimetumwa kwako kwa makosa. Umeandikwa kama ule wa M-Pesa au Airtel Money, ila umetoka kwenye namba ya kawaida ya mtu. Muda mfupi baadaye simu inalia. Mwanamke anaomba huku akilia, mtoto wake yuko hospitali, zile fedha zilikuwa za dawa, tafadhali zirudishe upesi kabla daktari hajaondoka. Aliyepigiwa haangalii salio. Anarudisha, na salio lake halikuwa limeongezeka hata faranga moja. Tanzania utapeli wa namna hii ulienea hata mamlaka ya mawasiliano ikatenga namba 15040 ya kuripotia namba za matapeli. Upo na wa pili, mfupi zaidi: mtu anayejifanya rafiki anaomba umsomee tarakimu sita zilizoingia kwenye simu yako. Ukimsomea, WhatsApp yako inahamia kwake, naye anaanza kuwaomba ndugu zako fedha kwa jina lako. Utapeli wote huu hauhitaji fundi wa kompyuta. Unahitaji mtu mwenye huruma, anayeharakishwa, aliyezoea kutii.

Utii ndio ninaotaka tuutafakari. Mwaka 1981 mtafiti wa Marekani Carol Sigelman na wenzake walichapisha uchunguzi wao kuhusu watu wenye ulemavu wa akili wanapoulizwa maswali ya ndiyo au hapana. Wengi walijibu ndiyo, hata pale maswali mawili yalipopingana waziwazi. Watafiti waliofuata wakaongeza kwamba akili peke yake haielezi jambo hilo: swali gumu humfanya mtu akubali ili mambo yaishe, na aliyezoea kuamuliwa kila kitu na wakubwa hujifunza kwamba jibu la salama ni lile linalowapendeza. Familia ikitafakari hayo itaona kwamba tapeli anavuna tulichokipanda nyumbani. Tumemsifu mtoto kwa kuwa mtulivu, kwa kutokataa, kwa kumpa kila mkubwa anachoomba. Anapofikisha miaka ishirini na kitu, mtu asiyemjua anamwagiza kwa sauti ya mkubwa, naye anafanya kama alivyofundishwa. Ukimnyang'anya simu hujagusa chanzo chenyewe, kwa sababu utii huohuo atautumia sokoni, njiani, na kwa jirani anayemwita ndani ya nyumba.

Tena jirani ni wa kuangaliwa kuliko mgeni wa mtandaoni. Mwaka 2012 jarida la The Lancet lilichapisha uchambuzi uliofanywa kwa ajili ya Shirika la Afya Duniani: uwezekano wa watoto wenye ulemavu kufanyiwa ukatili ulionekana kuwa mara 3.7 ya ule wa wasio na ulemavu, na wa wenye ulemavu wa akili au maradhi ya akili kufanyiwa ukatili wa kingono mara 4.6. Tafiti zilizokusanywa zilitoka katika nchi tajiri, kwa hiyo tusizihamishie Maniema kama zilivyo. Lakini kila anayeshughulika na kesi hizi anajua kwamba mtendaji mara nyingi ni mtu anayefahamika na mwathiriwa, na kwamba anafaulu kwa sababu mwathiriwa hana wa kumwambia. Binti asiye na simu, asiye na rafiki, asiyejua jina la kile alichotendewa, yuko mikononi mwa wachache walio karibu naye. Na mmoja wao akiwa mbaya, binti hana mlango mwingine wa kutokea. Darren Chadwick, mtafiti wa Uingereza aliyeshughulikia suala hili kwa miaka, ameonya kwamba hofu ya wazazi na walezi kuhusu intaneti huwafungia watu hawa mlango wa marafiki na wa habari, ilhali ushahidi wenyewe juu ya madhara ni mchache. Sisi tuliozaliwa kando ya Lualaba hatukumlinda mtoto kwa kumficha asiuone mto. Alipandishwa pirogi pamoja na mkubwa, akafundishwa mahali pa kukaa.

Kuna hatari mbili nyingine zisizotajwa sana, na zote mbili hazitibiwi kwa kumnyang'anya yeye simu. Ya kwanza inatoka kwenye simu za wengine. Mtu mwenye ulemavu wa akili anachezeshwa dansi njiani, anaulizwa maswali ya kumchekesha, anarekodiwa, na video inapelekwa TikTok na kwenye makundi ya WhatsApp hata nje ya mkoa. Yeye mwenyewe hana simu, na bado amedhalilishwa mtandaoni mbele ya maelfu. Anayerekodi hujitetea kwamba mwenyewe alikubali, alikuwa anacheka. Tumekwisha kuona kukubali huko kuna uzito gani. Nasema wazi kwamba kijana mwenye akili timamu anayefanya hivyo ndiye anayestahili kunyang'anywa simu, na wazee wa mtaa wanaocheka pamoja naye wanastahili kuulizwa.

Ya pili ni ya sheria. Amri-sheria namba 23/010 ya tarehe 13 Machi 2023, ile ya mambo ya dijitali, katika kifungu cha 360 inamwadhibu anayeanzisha au anayesambaza habari ya uongo dhidi ya mtu kupitia mitandao ya kijamii: kifungo cha mwezi mmoja hadi miezi sita, na faini ya faranga 500,000 hadi 1,000,000, au mojawapo. Tangu Goma ilipotekwa Januari 2025 na Bukavu mwezi uliofuata, makundi yetu yamejaa vokali za vita, majina ya wanaodaiwa kuwa wasaliti, picha za maiti zisizojulikana zilitoka wapi. Mtu anayependa kupendwa na kundi lake, na anayeona kila mmoja anasambaza, atasambaza. Huyu anahitaji kanuni moja rahisi aliyoirudia hadi ikakaa: jina la mtu likitajwa kwa ubaya, situmi, namwonyesha ndugu yangu mkubwa kwanza.

Kanuni ya namna hiyo ndiyo kazi yenyewe, na haihitaji semina. Familia na mwenye simu wakae pamoja, simu iwe mkononi mwake, wachague watu wawili wa kuulizwa, mmoja ndani ya nyumba na mmoja nje, kwa sababu pengine tatizo liko ndani ya nyumba. Picha zao ziwekwe mwanzo wa orodha ya majina, maana wengi hawasomi lakini sura wanaijua. WhatsApp ibadilishwe lugha iwe Kiswahili badala ya Kifaransa ambacho mwenye simu haelewi. Tangu mwaka 2019 programu hiyo inamruhusu mtu kuchagua nani anaweza kumwingiza kwenye kundi. Wachaguliwe waliomo kwenye orodha yake tu. Kisha waigize. Kaka ajifanye mwanamke anayelia, apige simu kutoka chumba cha pili, na mwenye simu ajizoeze kusema: ngoja, nitamuuliza mama. Leo afaulu, kesho ashindwe, keshokutwa warudie. Na siku atakapodanganywa kweli, asigombezwe, kwa sababu akigombezwa mara moja hatasema tena, na tapeli wa pili atamkuta peke yake.

Najua kuna mama anayesoma haya na kusema: wewe unazungumzia faranga, mimi nina binti. Fedha zikipotea hutafutwa. Binti aliyetumiwa picha chafu, au aliyeitwa gesti na mtu aliyempata Facebook, utamrudishia nini? Hoja hii ni nzito kuliko zote. Siijibu kwa kusema hatari ni ndogo. Najibu kwamba binti huyo anahitaji zaidi kuliko wenzake kufundishwa mwili wake, kwa maneno yanayoeleweka, na kujua kwamba picha ya mwili haiombwi na mtu mwema. Wapo ambao kwa muda fulani watatumia simu wakiwa na mtu pembeni tu, na wapo wenye ulemavu mzito ambao mlezi ataendelea kuwashikia simu. Sikatai. Ninachokataa ni kuwapimia wote kipimo kimoja kabla ya kumjaribu hata mmoja. Mwaka 1972 Mmarekani Robert Perske aliandika kwamba katika kuachiwa kujaribu, pamoja na hatari yake, mna heshima ya mtu, na kwamba kumkinga mno ni kumvunjia heshima hiyo. Mkataba wa Umoja wa Mataifa wa haki za watu wenye ulemavu, ambao nchi yetu ilijiunga nao mwaka 2015, unafuata njia hiyo katika kifungu cha 12: mtu asaidiwe kuamua, asiamuliwe. Peru mwaka 2018 na Kolombia mwaka 2019 zilibadilisha sheria zao kwa msingi huo.

Wengine watauliza kama huu ndio wakati wake, vita vikiwa upande wa mashariki, umeme ukiwa wa shida na shule zikikosa madawati. Lakini simu hazikungoja amani. Zimekwisha kuingia nyumbani pamoja na matapeli wake. Wala mama anayeamka alfajiri kwenda sokoni hana saa za ziada, na ndiyo maana napendelea watu wawili wa kuulizwa kuliko mlinzi mmoja wa kukagua simu kila usiku. Kujibu swali ni dakika mbili. Kukagua hakuishi, na anayekaguliwa hujifunza kufuta.

Kinachobaki ni cha serikali na kampuni za simu. Sheria namba 22/003 ya tarehe 3 Mei 2022 ya kulinda na kukuza haki za watu wenye ulemavu ipo, lakini mtu mwenye ulemavu wa akili haoni tofauti anaposimama kwenye kibanda cha kuweka na kutoa fedha. Pale anaulizwa namba yake ya siri kwa sauti, mbele ya foleni, au mhudumu anaichukua simu na kumbonyezea. Kampuni zinaweza kuwafundisha wahudumu wao mambo hayo mawili mwezi huuhuu, na kuweka maonyo ya utapeli kwa sauti, kwa Kiswahili kifupi cha hapa kwetu. Radio Okapi inatangaza kwa Kiswahili na inasikika Kindu. Igizo la dakika tatu kuhusu yule mwanamke anayelia lingewafikia wasiosoma. Nchini Kenya chama cha watu wenye ulemavu wa akili, KAIH, kilichoanzishwa mwaka 1996, na huko Zanzibar jumuiya kama hiyo, ZAPDD, ya mwaka 1999, wameonyesha kwamba watu wenye ulemavu wa akili wakikusanywa na kusikilizwa wanajisemea wenyewe. Kabla igizo hilo halijaandikwa, waitwe wachache wao wa Kasuku, Mikelenge na Alunguli, wasikilizishwe vokali tatu, mbili za kweli na moja ya tapeli, na waeleze wenyewe ni wapi walipodanganyika.