Bustani ya Mkono: Hisi ya Kugusa na Vielezi Viigizi

Hebu tubuni bustani huko Kambu, katika nyika ya Makueni kando ya barabara kuu iendayo Mombasa, nasi tuizuru macho tumeyafumba. Mkono wapapasa gome la mbuyu, wachomwa na mwiba wa mgunga, wakwaruzwa na jani la mboga. Vitenzi hivi hutaja tendo. Hisi yenyewe Kiswahili huiazimia vitenzi vya sikio na jicho: twasema “nasikia baridi” au “naona baridi”. Hata neno “kuhisi” asili yake ni Kiarabu.

Je, lugha yetu ni fukara hapa? La hasha. Utajiri wake umo katika vielezi viigizi: udongo wa kiangazi umekauka kau, baada ya mvua umelowa chepechepe, na papai lililoiva ni laini teketeke. Viigizi hivi haviigi mlio, bali mguso. Aghalabu hufundishwa kama mapambo ya usemi. Kwa mwanafunzi asiyeona, ndivyo bustani yenyewe. Basi mwalimu na mtunga kamusi wavifafanue kwa mkono, si kwa sikio peke yake.